Binti yangu wa kidato cha pili na hesabu za kuchanganya asilimia: naombeni mnieleweshe

Mama Kuku, Nkuhungu

Mbukwenyi wapendwa.

Ni saa nne usiku, umeme umerudi sasa hivi, na daftari la binti yangu liko mezani mbele yangu. Yuko kidato cha pili, shule ya kutwa hapa Dodoma mjini. Wiki hii wamefundishwa hesabu za kuchanganya vitu vyenye asilimia tofauti, akapewa maswali matano, akapata moja. Alama hazikuniuma sana. Kilichoniuma ni kwamba jana alifunga daftari akasema, "Mama, hizi kichwa changu hakizipokei." Mtoto huyu tangu darasa la tano ndiye anayenihesabia trei za mayai na kuwarudishia wateja chenji, na hajawahi kunipotezea hata mia mbili.

Swali lenyewe liko kwa Kiingereza, alinitafsiria hivi: duka la dawa lina spiriti ya asilimia 90 na spiriti ya asilimia 60. Zichanganywe lita ngapi za kila moja ili zipatikane lita 30 za spiriti ya asilimia 70?

Yeye alijumlisha 90 na 60 akapata 150, akagawa kwa 2 akapata 75. Akaona 75 siyo 70, akafuta. Akaanza tena, akafuta tena, mpaka karatasi imetoboka pale. Mwisho akaandika lita 15 na lita 15, na juu yake kuna alama ya kosa kwa wino mwekundu. Ukurasa wa nyuma kuna kanuni ndefu ya herufi aliyonakili ubaoni. Nikamuuliza hii herufi ya kwanza maana yake nini, akanyamaza.

La pili linasema: una kilo 12 za maji ya chumvi yenye asilimia 30. Utaongeza maji matupu kilo ngapi ili yawe ya asilimia 20? Yeye kaandika kilo 10, kwa sababu 30 kutoa 20 ni 10. Nalo kosa.

Mimi niliishia darasa la saba. Asilimia nilifundishwa kwa Kiswahili na niliielewa: asilimia 10 ya shilingi elfu hamsini ni elfu tano, hilo halinisumbui. Lakini hapa asilimia mbili zinakutana ndoo moja na sioni zinafanya nini humo ndani. Naona kabisa kwamba 15 kwa 15 ina walakini, ila sijui kumwonyesha walakini uko wapi.

Tafadhali msinipe jibu peke yake. Majibu yako nyuma ya kitabu, tumeshayaona: lita 10 na lita 20, na kwa lile la chumvi kilo 6. Nataka nielewe mimi, ili kesho jioni nikimaliza kulisha kuku nikae naye tulifanye pamoja.

Kijana wa Ng'ong'ona

Shikamoo mama. Mimi nasoma hapa Chuo Kikuu cha Dodoma, mwaka wa pili, upande wa kemia. Hesabu hizi zilinitesa sana sekondari mpaka kaka yangu mmoja akanionyesha kwa mfano wa mzega, na tangu siku hiyo sijazikosa.

Chukulia mtu amebeba mti begani, ndoo moja mbele, nyingine nyuma. Bega lake ndiyo ile asilimia unayoitaka, 70. Ndoo moja imening'inia kwenye 60, nyingine kwenye 90. Kutoka begani mpaka 60 ni hatua 10. Kutoka begani mpaka 90 ni hatua 20. Ili mti usiinamie upande mmoja, ndoo iliyo karibu na bega lazima iwe nzito zaidi. Kwa hiyo ya 60 iwe na mafungu 20 na ya 90 iwe na mafungu 10. Mbili kwa moja. Lita 30 ukizigawa kwa uwiano huo unapata 20 na 10.

La chumvi ni vilevile, maji matupu ni asilimia 0. Bega liko 20. Mpaka 30 ni hatua 10, mpaka 0 ni hatua 20. Maji ya chumvi mafungu mawili, maji matupu fungu moja. Ukiwa na kilo 12 za maji ya chumvi, maji matupu ni kilo 6. Dakika moja umemaliza, hata herufi hukuzihitaji.

Mwalimu Mstaafu, Kibaigwa

Mama Kuku, nimesoma swali lako mara mbili. Hilo daftari lililotoboka nalifahamu, maana nimesahihisha mengi ya namna hiyo. Nimefundisha Hisabati miaka 31, sasa nimestaafu, nalima mahindi na alizeti hapa Kibaigwa.

Mzega wa kijana ni wa kweli na ameueleza vizuri. Hata hivyo ninakuomba binti asianzie hapo. Akipewa mzega leo, atapata maswali mawili, na wiki ijayo swali likija limegeuzwa kidogo atakuwa na kanuni mbili asizozielewa badala ya moja. Mzega aupate wiki ya pili, kama zawadi.

Kosa lake ni kwamba alijumlisha asilimia. Asilimia ni habari kuhusu kitu, na habari hazijumlishwi. Kinachojumlishwa ni kitu chenyewe: spiriti, chumvi, sukari.

Kesho jioni, kabla hajashika kalamu, tafuta bilauri zinazolingana, sukari na jagi. Bilauri moja weka maji na kijiko kimoja cha sukari, nyingine maji na vijiko vitatu. Mwulize: nikimimina zote kwenye jagi, jagi litakuwa na vijiko vingapi? Atasema vinne hata kabla hujamaliza kuuliza. Bilauri mbili, vijiko vinne, kwa hiyo kila bilauri utakayochota humo ina vijiko viwili. Hapo ule wastani aliouzoea unakubali, kwa sababu bilauri zilikuwa sawa kwa sawa.

Sasa chukua jagi la pili. Ile tamu ya vijiko vitatu iwe bilauri moja tu, lakini zile za kijiko kimoja ziwe bilauri tatu. Vijiko ni 3 na 3, sita, ndani ya bilauri nne. Kila bilauri imebaki na kijiko kimoja na nusu. Mwache aonje jagi hili na lile la kwanza. Akishaona kwa ulimi wake kwamba jagi limeegemea upande wa ile iliyo nyingi, hatagawa tena kwa mbili bila kujiuliza. Na mwambie neno moja alishike: sukari haikupotea na haikuzaliwa. Vijiko vilivyoingia ndivyo vilivyomo.

Baada ya hapo achore safu tatu daftarini. Ya kwanza: kiasi chote. Ya pili: asilimia. Ya tatu: kitu chenyewe. Mstari mmoja kwa kila chombo, na mstari wa mwisho wa mchanganyiko. Aanze na jibu lake mwenyewe alilokosa, na hili nalisisitiza, maana mtoto akilipima kosa lake kwa mkono wake halirudi. Lita 15 za asilimia 90 zina spiriti halisi lita 13.5. Lita 15 za asilimia 60 zina lita 9. Jumla 22.5 ndani ya lita 30. Ukigawa ni asilimia 75. Kwa hiyo lile jibu lilikuwa sahihi kwa swali jingine, la mtu anayetaka asilimia 75.

Na huyu wa kwetu anataka 70. Lita 30 za asilimia 70 zibebe spiriti halisi lita 21, si zaidi si pungufu. Sasa tukiweka lita 30 zote za ile ya 60, tuna lita 18. Zimepungua 3. Kila tunapotoa lita moja ya 60 na kuingiza lita moja ya 90, tunaongeza sehemu tatu za kumi za lita. Tubadilishe lita ngapi ili tufikishe 3? Lita 10. Ndiyo hizo 10 za kitabu, na zilizobaki ni 20. Akishaona hivi, mlinganyo wa mwalimu wake atausoma kama sentensi: herufi ni zile lita za asilimia 90, 30 kutoa herufi ni lita za asilimia 60, na safu ya tatu lazima ijumlike kuwa 21. Ile kanuni ndefu ubaoni ilikuwa inasema maneno hayo hayo, tena kwa ufupi. Hakuambiwa tu inasema nini.

Kwenye lile la chumvi mwulize: tukimwaga maji matupu, chumvi imeongezeka? Haikuongezeka. Asilimia 30 ya kilo 12 ni kilo 3.6 na zitabaki 3.6. Ila sasa hizo 3.6 zinatakiwa ziwe asilimia 20, yaani moja ya tano, ya mzigo wote. Mara tano yake ni kilo 18. Tulikuwa na 12, tumeongeza 6. Aangalie pia jibu lake la kilo 10: angepata kilo 22 zenye chumvi ile ile 3.6, kama asilimia 16. Angelizimua kupita kiasi.

Jambo la lugha, mama, ambalo wewe una nafasi nzuri ya kumsaidia kuliko kitabu chake. Kwa Kiswahili tunasema asilimia 30 *ya* nini. Hiyo "ya" isipite bure. Maji ya chumvi ya asilimia 30 maana yake katika kila kilo mia za *mchanganyiko wote*, chumvi ni kilo 30 na maji ni 70. Wanafunzi wangu wengi walikuwa wanachukua kilo 30 za chumvi na kilo 100 za maji, wakapata mzigo wa kilo 130, na hiyo ni asilimia 23 na ushei. Kila akikutana na neno asilimia, aweke kidole juu yake aulize: ya nini? Asipopata jibu, asisonge mbele.

Niongeze kitu kimoja kuhusu swali lenyewe, kwa kuwa ni kweli na binti anastahili ukweli. Chumvi ya jikoni haiyeyuki mpaka kufikia asilimia 30. Kwa joto la kawaida maji hushiba chumvi kwenye kama asilimia 26, inayozidi inatuama chini. Hesabu ni sahihi, lakini mtungaji angeweka sukari ingependeza zaidi.

Kijana wa Ng'ong'ona

Mwalimu shikamoo, nimekuelewa na nimekubali, mzega ukae wiki ya pili. Kwa kuwa umegusa chumvi, na spiriti ina yake, maana ni alkoholi na maji. Ukipima mililita 50 za alkoholi tupu na mililita 50 za maji ukazichanganya, hupati 100 kamili. Unapata kama 96 au 97, kwa sababu chembe zake zinabanana. Tulilipima maabara na nilishangaa. Kwenye daftari la kidato cha pili lita zinajumlishwa kama kawaida, asije akaanza kuondoa. Ukitaka ziwe kamili kabisa unapima kwa uzito, uzito haubanani.

Dada Muuguzi, Ipagala

Mama Kuku, nami niweke la kwangu, maana hesabu hii naifanya kila asubuhi nikiingia zamu.

Kituoni tunasafishia kwa maji ya klorini ya asilimia 0.5. Jik, dawa ya klorini tunayoletewa, imeandikwa asilimia 3.5. Ukigawa 3.5 kwa 0.5 unapata 7. Sasa hapo ndipo watu wanapoteleza. Mwenzangu mmoja mgeni kazini alipima kikombe kimoja cha Jik na vikombe *saba* vya maji. Hiyo inakuwa vikombe vinane kwa jumla, na dawa imeshuka chini ya 0.44. Haikidhi, na kwa macho huwezi kujua, maji ni yale yale na harufu ni ile ile. Kipimo sahihi ni kikombe kimoja cha Jik na *sita* vya maji, ili jumla iwe saba. Saba ni ya mchanganyiko wote, na Jik yenyewe imo ndani ya hiyo saba.

Nilipokuwa nasoma "ya nini" ya mwalimu nilisimama hapo hapo. Ndiyo hiyo hiyo. Saba ya nini? Mwonyeshe binti chupa yenyewe, asome namba iliyoandikwa pale, apige hesabu mwenyewe, halafu achanganye maji ya kusuuzia vyombo vya kuku. Avae glavu, mlango uwe wazi, na asiichanganye Jik na dawa nyingine yoyote ya chooni.

Mama Kuku, Nkuhungu

Shikamoo mwalimu, na ahsanteni wote. Nimerudi na habari, na swali jingine.

Tulifanya la bilauri. Nilikosa bilauri zinazolingana nikatumia vikombe vya bati vya chai, vinne, na jagi tukaazima kwa jirani. Alipoonja jagi la pili alikaa kimya kidogo, kisha akasema, "Mama, kwa hiyo wale watatu wamemvuta yule mmoja." Nikamwambia ndiyo, wamemvuta. Hapo nilijua imeingia. Akachora safu tatu kwa rula, akapima 15 kwa 15 yake akaona 75 imetoka, na alicheka kwa furaha kabisa, kwamba jibu lake lilikuwa na mahali pake. Kisha akafanya lile la 10 na 20 bila mimi kusema neno. Niliogopa hata kusogeza kiti.

Limebaki la tano, na hili limetukwaza wote wawili ingawa ni la kwetu kabisa: kilo 60 za zabibu mbichi zina maji asilimia 80. Zimekaushwa mpaka maji yakawa asilimia 20. Zimebaki kilo ngapi? Yeye alisema 80 kutoa 20 ni 60, asilimia 60 ya kilo 60 ni 36, kwa hiyo zimebaki 24. Akajaza safu ya tatu kwa maji, ikagoma kujumlika. Kitabu kinasema 15. Mimi nimezaliwa kwenye zabibu, baba yangu alikuwa na shamba, na kilo 60 kubaki 15 nimeona ni chache mno.

Mwalimu Mstaafu, Kibaigwa

Marahaba, mama. Umenifurahisha na hilo la "wamemvuta". Nitalitumia.

Safu yake imegoma kwa sababu amejaza kitu kinachoondoka. Kwenye kukausha, maji yanakwenda zake na jua. Mwulize, kitu gani kwenye zabibu hakikuondoka? Nyama yake, sukari yake, ganda. Maji yakiwa asilimia 80, vilivyobaki ni asilimia 20, yaani kilo 12. Hizo kilo 12 zilikuwepo asubuhi na zipo jioni. Lakini jioni maji ni asilimia 20 tu, kwa hiyo hizo 12 sasa ni asilimia 80 ya mzigo. Ukigawa 12 kwa 80 ukazidisha kwa 100, unapata 15. Ile hesabu yake ya 80 kutoa 20 haikufaa kwa sababu ile 80 ilikuwa ya kilo 60, na ile 20 ni ya mzigo mwingine ambao bado hatujaujua. Asilimia za mizigo miwili tofauti haziondoleani.

Hili limewahi kunigusa mfukoni. Msimu wa kwanza baada ya kustaafu nilikuwa na mahindi yenye unyevu wa asilimia 20. Kwa biashara ya Afrika Mashariki unyevu usizidi 13.5. Kwa haraka haraka nikasema, 20 kutoa 13.5 ni 6.5, basi kila kilo mia zitanipungukia kilo 6 na nusu, nikapanga bei kwa hesabu hiyo. Nilipoyaanika kwenye turubai na kuyapima tena, kila mia ilikuwa imerudi 92 na nusu. Imepungua 7 na nusu. Nikadhani mzani una kasoro. Usiku nikakaa na karatasi: mahindi makavu yenyewe ni kilo 80, hayaondoki. Asilimia 86.5 ya mzigo mpya ndiyo hizo 80. Themanini gawa kwa 86.5 zidisha kwa mia, 92.5 kasoro punje. Mzani ulikuwa sawa. Mimi, mwalimu wa miaka 31, nilikuwa nimefanya kosa la binti yako kwenye mahindi yangu mwenyewe. Mwambie hilo, litamsaidia.

Halafu nikuulize, mama. Jina lako linasema kuku. Chakula chao unanunua au unachanganya?

Mama Kuku, Nkuhungu

Mwalimu, nimechelewa kujibu kwa sababu swali lako lilizaa kazi ya siku mbili.

Nachanganya. Mashudu ya alizeti nachukua Majengo, pumba za mahindi nachukua kwa mwenye mashine hapa mtaani. Ni kuku wa mayai. Aliyenifundisha aliniambia mchanganyiko uwe na protini asilimia 16, mashudu yangu niyahesabu 28, pumba nizihesabu 10, na kipimo ni mashudu moja kwa pumba mbili. Nimefanya hivyo mwaka wa tatu sasa, ndoo moja ya mashudu, ndoo mbili za pumba, nachota na kukoroga kwa koleo.

Nilimsomea binti ujumbe wako, akachukua daftari bila kuambiwa. Akaanza kwa mzega, maana wiki ya pili imefika na nilimpa zawadi yake. Bega 16, mpaka 10 ni hatua 6, mpaka 28 ni hatua 12. Mashudu fungu moja, pumba mafungu mawili. Akaniambia, "Kipimo chako ni sahihi, mama." Nikafurahi. Kisha akakaa, akaweka kidole kwenye daftari, akauliza: "Moja ya nini? Ya ndoo au ya kilo?"

Sikuwa na jibu. Tulikwenda na ndoo zangu za lita 20 kwa mwenye mashine, ana mzani. Ndoo ya pumba, kilo 8. Ndoo ya mashudu, kilo 11. Ndoo ile ile! Pumba ni nyepesi, zina upepo ndani, mashudu yanashikana.

Tulirudi akachora safu tatu juu ya ndoo iliyogeuzwa, kuku wanapita miguuni. Mashudu kilo 11, asilimia 28, protini 3.08. Pumba kilo 16, asilimia 10, protini 1.6. Jumla kilo 27, protini 4.68. Akagawa kwenye simu yangu: 17.3. Muda wote huu nimekuwa nawapa 17 na zaidi nikidhani ni 16, na mashudu ndiyo ya bei. Kwa ndoo mbili za pumba natakiwa mashudu kilo 8 tu. Kila nikichanganya nilikuwa nazidisha kilo tatu.

Nimechonga mstari kwa kisu ndani ya ndoo ya mashudu pale kilo 8 zinapofikia. Leo asubuhi nimechanganya kwa mstari huo.

Sasa yeye ndiye ana swali, kaniamuru niliandike: mwezi ujao nataka kuongeza dagaa, na vitakuwa vitu vitatu. Mzega una ndoo mbili tu. Anafanyaje?

Mwalimu Mstaafu, Kibaigwa

Mwambie mzega auweke chini, arudi kwenye safu. Safu hazijali vitu ni vingapi, anaongeza mstari mmoja. Ila kwa vitu vitatu lazima aamue viwili mwenyewe, cha tatu ndicho hesabu itampa. Aamue pumba ni zile kilo 16. Aamue dagaa kilo 1, na ahesabu dagaa kuwa na protini asilimia 55. Mashudu aandike herufi. Safu ya tatu ijumlike, na hiyo jumla iwe asilimia 16 *ya mzigo wote*, dagaa wakiwemo na herufi ikiwemo.

Mimi nimepata mashudu kilo nne na robo tatu. Asilione hili mpaka amalize.

Mama Kuku, Nkuhungu

4.75. Ameipata kabla sijamaliza kusonga ugali. Daftari la kuku kuanzia leo analishika yeye.